Baba jicho, baba panda na mama wa kaburini: wazazi wasio wa kawaida katika hadithi za Japani za mizimu na kicheko

Katika hadithi nyingi za Japani zenye kuchanganya mizimu na kicheko, mzazi si yule mtu anayetarajiwa. Kuko baba aliyebaki jicho moja tu. Kuko mwingine anayegeuka mnyama kila mara akimwagikiwa na maji baridi. Kuko nyanya anayevuta sigara na kupiga mizimu kwa rungu. Vijana wanacheka, na wazazi wengi wanaona kwamba ni upuuzi wa televisheni. Lakini nyuma ya kicheko hicho kuko swali zito: mzazi ni nani, yule aliyezaa ao yule aliyebaki na mtoto?

Maneno ya kufahamu kwanza

Manga ni BD ya Kijapani. Inasomwa kuanzia kuume kwenda kushoto, na kila juma ao kila mwezi sehemu mpya inatoka katika gazeti. Anime ni filamu ya michoro, ile ambayo katika miji yetu wengi wanaiita dessin animé. Mara nyingi anime inatokana na manga iliyokwisha kupendwa.

Yokai ni jina la jumla la viumbe wa ajabu wa Kijapani: mbweha mwenye kugeuka mtu, mwavuli wa zamani wenye kupata roho, kiumbe wa mtoni anayevuta watoto majini. Si wote wabaya. Wengine ni wachokozi tu, wengine wanasaidia watu. Yurei ni kitu kingine: ni mzimu wa mtu aliyekufa akiwa na neno lililobaki moyoni, kisasi, deni ao mapendo.

Mtunzi anageuza desturi ya hadithi wakati anapomwonyesha msomaji sura anayoizoea, kisha anaivunja mbele ya macho yake. Jitu la kutisha linaingia, kumbe ni mama anayetafuta mtoto wake. Mwalimu mkubwa anakuja, kumbe hajui kitu. Watunzi wa Japani wamezoea sana kufanya hivyo kwa wazazi.

Desturi yenyewe: baba wa kuogopwa

Ili kugeuza kitu, lazima kitu kiwepo. Wajapani wana msemo wa zamani unaohesabu mambo manne ya kuogopwa duniani: tetemeko la inchi, radi, moto wa nyumba, na baba. Msemo huo unaonyesha sura ya mzazi iliyokubaliwa kwa muda mrefu: baba haongei sana, hakosei, na neno lake halirudiwi. Mama ndiye anavumilia na kulia jikoni.

Manga zenyewe ziliikuza sura hiyo. Katika Kyojin no Hoshi, hadithi ya mchezo wa besiboli iliyoanza mwaka 1966, baba anamfunga mtoto wake mavazi ya springi za chuma ili mikono yake ipate nguvu. Msomaji wa wakati ule alitakiwa kumheshimu baba huyo. Watunzi waliofuata waliuliza swali lingine: na kama baba huyo mkali ni mwongo na mvivu? Na kama mtoto ndiye anamlea baba?

Mama aliyenunua peremende

Lakini mizizi ya kugeuza mambo ni ya zamani kuliko manga. Sehemu nyingi za Japani zinasimulia hadithi ya yurei mwenye kulea mtoto.

Usiku mmoja mwanamke mwenye uso mweupe anagonga duka la peremende. Ananunua kidogo, anatoa sarafu moja, anaenda bila kusema neno. Anarudi usiku wa pili, wa tatu, mpaka wa sita. Usiku wa saba hana tena feza. Mwenye duka anamfuata kimya mpaka makaburini, na pale anasikia sauti ya mtoto chini ya udongo. Watu wanachimba. Wanakuta mwanamke aliyezikwa akiwa na mimba, na pembeni yake mtoto mzima, akilamba peremende. Zile sarafu sita ndizo zilizowekwa ndani ya jeneza, kufuatana na desturi, ili maiti alipie safari ya kuvuka mto wa wafu. Mama alizitumia zote kwa chakula cha mtoto.

Msikilizaji anangoja mzimu wa kutisha, na mahali pa mzimu anapata mama. Kwa kumlisha mtoto, mama huyo ametoa njia yake mwenyewe ya kuvuka. Mjini Kyoto duka moja linauza mpaka leo peremende zenye jina la hadithi hiyo.

Kitaro: baba ni jicho

Kutoka katika mzizi huo ndiko alizaliwa Kitaro, mtoto wa yokai anayejulikana kuliko wote Japani. Jina lake lilianza kusikika miaka ya 1930 katika kamishibai, maonyesho ya barabarani ambamo msimuliaji anaonyesha picha za karatasi moja moja huku watoto wakila peremende zake. Aliyempa sura ya leo ni mchoraji Shigeru Mizuki, kuanzia mwaka 1960. Kitabu chake kilipoingia katika gazeti la watoto mwaka 1965, na televisheni mwaka 1968, Kitaro akawa wa inchi nzima. Tangu pale kila kizazi kimepata mfululizo wake mpya: 1971, 1985, 1996, 2007 na 2018.

Kitaro ni wa mwisho wa kabila la mizimu. Mama yake alikufa akiwa na mimba, naye akajitoa mwenyewe kaburini. Baba yake alikufa kwa ugonjwa uliooza mwili wote. Lakini aliposikia mtoto analia, jicho lake moja lilichomoka katika maiti, likaota mikono na miguu midogo, likatembea kumfuata mtoto. Tangu siku ile baba huyo, Medama-oyaji, yaani “baba mboni ya jicho”, anaishi ndani ya nywele za mwanawe. Anaoga katika bakuli la chai. Sauti yake ni nyembamba ya kuchekesha. Hana nguvu ya kupiga mtu. Panya anaweza kumbeba.

Hapa desturi imepinduliwa kabisa. Baba ambaye msemo wa zamani ulimweka pamoja na radi na tetemeko amekuwa kitu kidogo cha kuweka mfukoni. Lakini hakupoteza kazi yake. Yeye ndiye anajua kila yokai na udhaifu wake, ndiye anamshauri Kitaro, ndiye anamgombeza akikosa. Amebakiwa na kile tu ambacho mzazi anahitaji kuliko vyote: jicho la kumtazama mtoto.

Maisha ya Mizuki yanasaidia kufahamu. Alizaliwa mwaka 1922, akakomalia Sakaiminato, mji mdogo wa bahari. Yule aliyemfundisha habari za yokai hakuwa baba yake wala mama yake, ni mwanamke mzee maskini aliyekuwa anasaidia nyumbani kwao, ambaye watoto walimwita NonNonBa. Katika vita vya pili vya dunia Mizuki alipelekwa kisiwa cha New Britain. Pale aliugua malaria, na katika shambulio la ndege akapoteza mkono wake wa kushoto. Wenyeji wa kisiwa walimkaribisha na kumpa chakula. Aliporudi Japani alichora kwa mkono mmoja mpaka uzee, akafa mwaka 2015. Kitabu alichoandika juu ya yule mwanamke mzee, NonNonBa, kilipata mwaka 2007 zawadi ya kitabu bora huko Angoulême, Ufaransa, ambako kunafanyika sikukuu kubwa ya BD.

Mtu aliyelelewa na hadithi za mwanamke asiye wa damu yake, aliyelishwa na watu wa kabila lingine wakati mwili wake umekatika, alijua kwamba kulea si jambo la damu peke yake, wala la mwili mzima.

Mwaka 2023 filamu moja ilisimulia maisha ya baba huyo mbele ya kuwa jicho. Filamu hiyo haichekeshi sana, tena si ya watoto.

Ranma: baba mkali, kumbe mwoga

Rumiko Takahashi, aliyezaliwa mwaka 1957, alimshambulia baba mkali kwa njia nyingine. Hadithi yake Ranma ½ ilitoka kati ya 1987 na 1996. Ilionyeshwa pia Ufaransa, kwa Kifaransa, miaka ya 1990, na mwaka 2024 ikafanywa upya.

Genma Saotome amemtoa mtoto wake Ranma nyumbani tangu utoto ili amfundishe kupigana. Kwa miaka kumi wanatembea tu, bila mama. Huko China wanafanya mazoezi juu ya chemchemi zenye laana, na wote wawili wanaanguka ndani. Tangu pale, maji baridi yakimgusa Ranma anageuka msichana, na baba yake anageuka panda. Maji ya moto yanawarudisha. Akiwa panda Genma hawezi kusema, anaandika kwenye vibao vya mbao. Mara nyingi anajimwagia maji baridi kwa kusudi, juu panda haulizwi maswali.

Na maswali ni mengi. Genma alimwahidi Ranma kwa binti wa rafiki yake Tendo. Lakini zamani alikuwa amekwisha kumwahidi kwa mtoto mwingine, Ukyo, akapokea mkokoteni wa baba yake wa kuuza chakula kama mali ya ndoa, kisha akakimbia na mkokoteni na kumwacha mtoto barabarani. Kila deni la baba linarudi siku moja kugonga mlango, na anayelipa ni mtoto.

Sehemu yenye uchungu kuliko zote ni ile ya mama, Nodoka. Genma alipoondoka na mtoto, aliapa kwa maandishi kumrudisha akiwa mwanaume kamili. Kama si hivyo, baba na mtoto watajiua. Mtoto, ambaye hakuweza kuandika bado, aliwekewa alama ya mkono kwenye karatasi. Sasa Nodoka anakuja kutembelea, na upanga mkononi. Ranma anajificha katika sura ya msichana, na baba katika sura ya panda. Mama anakaa meza moja na mwana aliyemtafuta kwa miaka kumi, anamhurumia kama mtoto wa wengine, na hamjui. Watu wanacheka ginsi wanavyojificha, lakini mtoto anayetaka kumwita mama na hawezi hachekeshi. Mwisho mama anajua ukweli, na upanga haukati mtu. Kiapo kilikuwa cha kutisha kuliko mama mwenyewe.

Yusuke, na mama aliyekaa kimya

Katika Yu Yu Hakusho ya Yoshihiro Togashi, iliyotoka kati ya 1990 na 1994, kijana mgomvi wa miaka 14 anakufa mwanzoni kabisa. Yusuke anamsukuma mtoto mdogo mbele ya gari, naye anagongwa. Kule kwa wafu hawana nafasi yake: hakuna aliyefikiri kwamba kijana kama yeye angefanya tendo jema. Na Koenma, mwana wa mfalme mwenye kuhukumu wafu, ni kitoto chenye chuchu ya plastiki mdomoni. Mahali pa baba wa kuogopwa kuliko wote, mtunzi ameweka mtoto mchanga.

Mama wa Yusuke, Atsuko, alimzaa akiwa bado msichana. Anakunywa pombe, anaamka saa sita. Katika hadithi nyingine angekuwa somo la maonyo tu. Lakini Yusuke anarudi kama mzimu kutazama matanga yake mwenyewe, na anamwona mama yake ameketi sakafuni, mgongo kwenye ukuta, hasemi neno. Mtoto aliyedhani hakuna atakayemlilia anaona kwamba alikosea. Atsuko habadiliki kuwa mama mwema baada ya hapo. Anabaki mlevi, na anabaki mama.

Mtoto wa shetani na mwalimu mwongo

Beelzebub ya Ryuhei Tamura, ya 2009 mpaka 2014, inaanza mtoni. Kila Mjapani anajua Momotaro, mtoto aliyetoka katika tunda kubwa lililoelea juu ya maji. Hapa kinachoelea ni mwanaume mnene. Anapasuka katikati, na ndani kuko mtoto wa mfalme wa mashetani, aliyetumwa kuharibu watu wote juu baba yake ni mvivu wa kuifanya kazi hiyo mwenyewe. Anamchagua Oga, mwanafunzi mkorofi wa sekondari, kuwa mzazi wake. Mtoto akilia anatoa umeme. Oga akiwa mbali naye zaidi ya metre 15, Oga anakufa. Jambo hilo linachekesha, lakini kila mzazi wa mtoto mchanga anajua kwamba halikutiwa chumvi sana. Oga anatafuta mtu mbaya zaidi yake wa kumwachia mtoto. Kila pigano analofanya ili kumtupa linamfunga naye zaidi.

Katika Mob Psycho 100 ya mtunzi anayejiita ONE, iliyotoka kati ya 2012 na 2017, mlezi ni tapeli. Reigen anajitangaza kuwa bingwa wa kufukuza mizimu. Hana nguvu hata kidogo. Kazi yote inafanywa na Mob, kijana wa miaka 14 mwenye nguvu za kutisha, kwa mshahara wa yeni 300 kwa saa, ambao uko chini sana ya ule unaoruhusiwa na sheria. Wazazi wa Mob wako hai na ni watu wazuri, lakini yule aliyejibu swali lake kubwa ni Reigen. Mob akiwa mdogo alienda kwake akiogopa nguvu zake mwenyewe. Tapeli, bila kujua anasema nini, alimwambia kwamba nguvu hizo ni kipaji kama kukimbia mbio, hazimfanyi mtu kuwa mkubwa kuliko wengine, na zisielekezwe kwa watu. Shauri lilitoka kwa mwongo na likawa la kweli. Deni la Reigen linabaki: siku moja atapaswa kumwambia mtoto kwamba alimdanganya, na siku hiyo inakuja.

Dandadan: nyanya, na mama mwenye nywele ndefu

Hadithi mpya kuliko hizo ni Dandadan ya Yukinobu Tatsu, iliyoanza mwaka 2021 na kuwa anime mwaka 2024. Momo analelewa na nyanya yake Seiko, anayeita na kufukuza mizimu. Nyanya huyu hafanani na nyanya: uso wa ujana, sigara mdomoni, ulimi mkali. Momo akiwa mdogo aliwaonyesha wenzake wa masomo alama za mikono alizofundishwa, wakamcheka, naye akamkasirikia nyanya. Miaka ikapita. Siku anapokamatwa na hatari ya kweli, kinachomwokoa ni yale mafundisho aliyoyaonea haya. Mtoto wa huku kwetu aliyelelewa na nyanya, wengine wanasema tate ao koko, hatahitaji maelezo marefu hapo.

Adui wa kwanza pia ni mwanamke mzee, Turbo Granny, mzimu mwenye kukimbia kuliko gari. Anatukana, anaiba, anatisha. Kisha Seiko anaeleza kwamba mzimu huyu alikuwa anafariji roho za wasichana waliokufa vibaya mahali pale. Baadaye adui huyo anaishi nyumbani kwao, ndani ya sanamu ya paka.

Lakini watazamaji wengi wanakumbuka zaidi Acrobatic Silky, mzimu mrefu mwenye gauni jekundu na nywele mpaka chini, anayemfukuza msichana Aira akimwita mwanawe. Sehemu nzima ni ya kuogopesha na ya kuchekesha, mpaka mtazamaji anaonyeshwa maisha yake. Alikuwa mama peke yake, mwenye kazi nyingi za mchana na usiku ili mtoto wake apate gauni na kucheza dansi. Watu wa deni walikuja, wakamchukua mtoto. Mama alikimbia nyuma ya gari mpaka nguvu zikaisha, akafa na uchungu huo, na hata sura ya mtoto ikamtoka akilini. Lilibaki jambo moja: kutafuta. Aira alifiwa na mama yake akiwa mdogo, na zamani alimwita mzimu huyo mama. Sasa anamkumbatia na kumwita hivyo tena. Ni ile hadithi ya peremende iliyorudi, miaka mingi baadaye, ndani ya mji wa taa na magari.

Kicheko kinafanya kazi gani?

Hadithi ya baba mlevi ao mama aliyekufa ikisimuliwa kwa uzito tu, mtoto anaweza kufunga masikio. Ikichekesha, anabaki. Kicheko kinaruhusu pia neno ambalo heshima inakataza: kwamba mtu mzima anaweza kukosea, kudanganya, kuogopa. Ranma anampiga baba yake teke na watu wote wanacheka, lakini kesho yake wanakula pamoja.

Hadithi hizi hazifundishi watoto kudharau wazazi. Zinaondoa kwa mzazi ukali, ukubwa, sura, hata mwili, ili kuona nini kitabaki. Kwa Genma kinabaki kidogo sana. Kwa baba wa Kitaro linabaki jicho. Kwa mama wa kaburini zinabaki sarafu sita, na anazitumia.

Kwa wazazi: nani anaweza kutazama nini

Mifululizo ya Kitaro ya televisheni inafaa watoto, ingawa wadogo sana wanaweza kuota ndoto mbaya. Mob Psycho 100 na Yu Yu Hakusho zina mapigano mengi, ni afadhali kwa wale wa sekondari. Ranma ½ na Beelzebub zina picha za uchi zilizochorwa kwa mzaha. Dandadan haifai watoto: tangu mwanzo iko na sehemu ya wageni wa anga kumtendea msichana kwa nguvu, na maneno machafu ni mengi. Ni vizuri mtu mzima aitazame kwanza, ao wakae pamoja. Kisha swali moja linatosha kuanzisha mazungumzo nyumbani: katika hadithi hii, nani alikuwa mzazi kweli?